MAONGEZI YA JUMAPILI: Mguu wa Mkulima Hupimwaje Mahakamani?



Jumapili moja baada ya Misa ya pili, mama mmoja alinisubiri chini ya mwembe. Kwapani alibana bahasha ya kaki, imechakaa pembeni kwa kufunguliwa mara nyingi.

"Tumsifu Yesu Kristu, Padre."

"Milele amina, Mama. Baba anaendeleaje?"

"Anatembea, Padre, lakini kwa magongo. Shambani haendi tena. Nimekuja na swali. Je, mguu wa mtu una bei? Na kama una bei, ni nani anayeipanga?"

Swali lake si la mama huyo peke yake. Barabara ya lami imefika kwetu, na pikipiki zimejaa hata katika njia za migombani. Kila kijiji sasa kina mtu wake aliyelemazwa na ajali. Kwa hiyo nimemwomba ruhusa nilieleze jambo lake hapa, nami nimeyaacha majina na mahali, na hesabu nimezibadili ili asijulikane. Mambo ya sheria nimefundishwa na wakili mmoja, muumini wa parokia yetu, aliyenivumilia jioni mbili nzima.

Basi, ilikuwa hivi. Mume wake alikuwa akirudi kutoka chama cha ushirika kwa pikipiki yake mwenyewe. Jua limekwisha kuzama, na taa ya pikipiki haikuwaka. Ilikufa juma lililotangulia naye alikuwa bado anatafuta fedha za kuitengeneza. Kwenye kona, lori la mchanga lilitaka kulipita lori jingine. Likamkuta upande wake wa barabara, likamtupa mtaroni. Paja lilivunjika mahali pawili. Akalala hospitali miezi mitatu, akatiwa chuma, na mguu uliponywa ukawa mfupi kuliko mwenzake kwa upana wa vidole viwili.

Siku ya tatu baada ya ajali alikuja mtu wa mwenye lori, mpole, na chupa ya maji ya matunda kwa mgonjwa. Alileta sh. 600,000 na karatasi moja. Karatasi ilisema kwamba mgonjwa amelipwa na hana madai tena juu ya mtu yeyote. Shemeji mtu akasema, "Chukueni, ajali haina kinga." Mgonjwa alikuwa katika maumivu makali, akanyosha mkono atie dole gumba. Mama akaikunja karatasi ile, akaitia chini ya godoro, akasema, "Leo mgonjwa hana akili ya kusoma. Njoo siku nyingine." Yule mtu hakurudi, wala fedha zake hazikurudi.

Baadaye dereva alishtakiwa kwa kuendesha gari kwa hatari, akakiri, akatozwa faini, akalipa. Familia ikadhani kwamba shauri limekwisha.

Hapo ndipo wengi wetu tunapopotea. Faini ile ni ya Serikali. Dereva amevunja sheria ya nchi na nchi imemwadhibu. Mgonjwa hapati hata senti moja katika faini. Ni kweli kwamba hakimu wa kesi ya jinai anao uwezo wa kumwamuru mkosaji amlipe fidia aliyeumizwa, lakini asipoamuru, mlango haujafungwa. Liko shauri la pili, la madai, ambalo aliyeumia hulifungua yeye mwenyewe. Kwa kawaida hufunguliwa katika Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi, na madai yakiwa makubwa sana, Mahakama Kuu. Na katika shauri hilo la pili, nakala ya hukumu ya kwanza, ile iliyomtia dereva hatiani, ni ushahidi mzito sana. Nilimwuliza mama kama anayo. Hakuwa nayo. Hakujua kwamba inaombwa.

Sasa turudi kwenye bei ya mguu. Wakili wangu alicheka niliposema "bei". Akasema, "Padre, mahakama hainunui mguu. Mahakama hujiuliza: mtu huyu angekuwa wapi leo kama lile lori lisingempata? Halafu hujaribu kumrudisha pale, kwa kadiri fedha inavyoweza." Akanieleza kwamba kanuni hiyo ilitamkwa waziwazi Uingereza mwaka 1880, katika shauri la makaa ya mawe huko Scotland, na jaji aliyeitamka aliitwa Lord Blackburn. Kwetu iliingia pamoja na sheria za Waingereza ikabaki.

Lakini nilipofika nyumbani nilifungua Biblia, Kitabu cha Kutoka, sura ya 21, mistari ya 18 na 19. Humo imeandikwa kwamba mtu akimpiga mwenzake, naye asife bali alale kitandani, kisha ainuke na kutembea kwa fimbo, basi aliyempiga atamlipa siku alizokosa kufanya kazi, tena atamwuguza mpaka apone. Angalieni: siku za kazi zilizopotea, na gharama za matibabu. Hayo mawili ndiyo yale yale ambayo hakimu wetu anayauliza leo, maelfu ya miaka baada ya Musa.

Hakimu huanza na kosa. Kuumia peke yake hakuleti fidia. Lazima ionekane kwamba mtu fulani alifanya uzembe, na kwamba uzembe huo ndio uliomwumiza mdai. Dereva aliyelipita gari jingine kwenye kona amefanya uzembe, hapo hapana ubishi mkubwa. Na tajiri wake hawezi kusema, "Dawa yenu ni dereva, mimi sikuwapo." Dereva aliyekuwa katika kazi ya tajiri wake, kosa lake humwangukia tajiri pia. Hii ni habari njema, maana dereva mwenyewe mara nyingi hana kitu zaidi ya leseni na koti.

Baada ya hapo huja bima. Sheria ya nchi inamtaka kila mwenye gari au pikipiki barabarani awe na bima ya kuwalinda watu wengine atakaowaumiza. Ndiyo ile watu wanayoiita bima ndogo. Mwenye gari akishindwa shauri, kampuni ya bima hutakiwa kuilipa hukumu ile, mradi ilipewa taarifa ya shauri mapema. Kwa hiyo namba ya gari iandikwe siku ile ile ya ajali, hata kwa mkaa ukutani. Ukiwa na namba, Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, TIRA, ina njia katika mtandao ya kuonyesha kama gari lilikatiwa bima na kwa kampuni gani. Kijana yeyote mwenye simu atakusaidia.

Neno moja kwa wale wanaopenda kupanda juu ya magunia ya lori kwa kupewa lifti. Bima ya lori huenda haikukuhesabu wewe uliye juu ya magunia. Mwenye lori utaweza kumdai, lakini kama hana kitu, utabaki na hukumu nzuri ukutani. Na utingo aliyeajiriwa akiumia kazini, yeye ana njia nyingine pia, Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, ulioanza kazi mwaka 2015.

Haya. Kosa limeonekana, na mlipaji yuko. Hapo ndipo hesabu inaanza, nayo ina mafungu mawili makubwa, wala msiyachanganye.

Fungu la kwanza ni la vitu vilivyokwisha kutoka mfukoni: dawa, kitanda, nauli, magongo, matengenezo ya pikipiki. Wanasheria huita fidia maalumu. Fungu hili ni kali kama mwalimu wa hesabu. Kila shilingi itajwe katika hati ya madai, na kila shilingi ithibitishwe. Mahakama ya Rufani yetu imelisema hilo tena na tena, na shauri ambalo mawakili hupenda kulitaja ni la mwaka 1992. Hakimu anaweza kukuamini kwamba ulilipa, akakuhurumia hata machozi yakamlenga, na bado asikupe, kwa sababu hukuleta risiti.

Nikafungua bahasha ya mama. Risiti za hospitali zilikuwamo, zimefifia lakini zinasomeka. Jumla yake sh. 1,500,000. Lakini zilikosekana risiti za teksi iliyomchukua mgonjwa usiku, na za dawa zilizonunuliwa duka la mtaani, na za nauli ya safari zake mwenyewe kumpelekea chakula. "Hizo zilifika kama 600,000," akasema. Sikuwa na la kumfariji. Nikamwambia tu kwamba hizo pengine zimepotea. Fedha ile ile aliyoikataa kwa ujasiri chini ya godoro, imetoroka kwa kukosa vipande vya karatasi.

Fungu la pili ni la yale yasiyo na risiti, yaani fidia ya jumla. Hapa ndimo yamo maumivu. Humo pia yamo mambo ambayo mtu hawezi tena kuyafanya, na nguvu ya kazi iliyopungua kwa miaka inayokuja. Hayo hakimu huyapima kwa busara yake. Lakini busara si kubahatisha. Hutazama hukumu zilizotangulia za watu walioumia vivyo hivyo: paja lililovunjika lilipewa kiasi gani, mwaka gani, na fedha ya mwaka ule ilikuwa na nguvu gani kuliko ya leo. Ndiyo maana majeruhi wawili wa ajali moja hawapati sawa, na ndiyo maana msiseme, "Fulani alipata milioni hamsini, nami nitapata hamsini."

Na maumivu husemwaje? Watu wetu ni wavumilivu, na mahakamani uvumilivu huu huwaponza. Hakimu akiuliza, "Unaendeleaje?", mkulima hujibu, "Sijambo, namshukuru Mungu." Wakili wangu anasema ameona mashauri yakipungua thamani kwa jibu hilo moja. Mwambieni hakimu ukweli wote. Yule baba hawezi tena kupanda mkahawa wenye mteremko. Hawezi kumbeba mtoto wake mdogo begani. Kanisani hapigi magoti, na wakati wa mageuzo huinamisha kichwa tu, nami nimemwona akifuta macho. Hayo yote ni hasara ambayo sheria inaitambua. Asipoyasema yeye, hakuna atakayeyasema.

Nguvu ya kazi ndilo jambo gumu zaidi kwetu watu wa vijijini. Karani ana karatasi ya mshahara. Mkulima anayo nini? Watu wengi hukata tamaa hapa, na ninaomba wasikate tamaa. Mkulima wa kahawa, pamba au korosho anayeuza katika chama cha msingi ana stakabadhi za mauzo, na chama kinazo katika vitabu vyake hata kama zake zimeliwa na mchwa. Liko daftari la VICOBA au SACCOS. Zipo fedha zilizoingia katika simu. Yupo Mtendaji wa Kijiji na majirani wanaolijua shamba, ni ekari ngapi na lilikuwa likitoa magunia mangapi. Lakini semeni mapato baada ya kutoa gharama, yaani mbolea, dawa na vibarua. Hakimu hatahesabu kilo zote kana kwamba kahawa huota bila jembe.

Tufanye hesabu kwa mfano. Ni mfano wangu wa kujifunzia, si ahadi ya mahakama. Tuseme stakabadhi zinaonyesha kwamba baba huyu alipata sh. 3,000,000 kwa mwaka baada ya kutoa gharama, na daktari anaandika kwamba ulemavu umemwondolea theluthi moja ya nguvu zake. Kwa mwaka anapoteza sh. 1,000,000. Ana miaka 35, na angeweza kulima mpaka 60 hivi. Je, atapewa miaka 25? La. Atapata fedha zote leo, mkononi, wala hatazisubiri mwaka kwa mwaka, na tena hakuna aliyeandikiwa na Mungu kwamba atafika 60 akiwa mzima. Kwa hiyo hakimu hupunguza miaka. Tuseme anachukua 14. Hiyo ni sh. 14,000,000. Kwa maumivu na ulemavu, akifuata hukumu za nyuma, tuseme anatoa 12,000,000. Ongezeni na zile risiti za 1,500,000. Jumla ni sh. 27,500,000.

Msisahau na chuma kilichomo katika paja. Daktari akisema kitatolewa baada ya muda, aandike na gharama yake, kwa maana ukishapewa hukumu huwezi kurudi kesho na kusema, "Nimesahau operesheni."

Halafu kuna ile taa iliyokufa. Lori lilikosa, lakini mpanda pikipiki naye gizani hakuonekana. Sheria yetu haimfukuzi mdai kwa sababu ya kosa dogo la upande wake, hugawanya lawama. Tuseme hakimu anaona asilimia 80 ni ya lori na 20 ni ya pikipiki. Basi katika zile 27,500,000 hukatwa 5,500,000, na zinabaki 22,000,000. Taa ile ingetengenezwa kwa bei ya jogoo mmoja. (Mama aliponiambia kwamba mumewe hakuvaa kofia ngumu pia, niliogopa. Wakili akanituliza: kofia isingezuia paja kuvunjika, kwa hiyo kwa jeraha hili haina hesabu. Lakini vaeni, jamani, vaeni.)

Lori nalo halina ruhusa ya kuchagua mtu wa kumgonga. Likimgonga mwenye mifupa dhaifu, akavunjika pale ambapo mwingine angechubuka tu, dereva hawezi kusema, "Mzima angepona." Mkosaji humpokea mtu kama alivyo, hata kama fuvu lake ni jepesi kama ganda la yai.

Mama aliniuliza juu yake mwenyewe. Aliacha kuuza maandazi miezi mitano ili amwuguze mumewe. Je, hiyo si kitu? Uingereza mahakama zilikubali tangu mwaka 1973, katika shauri la mtoto aliyeumizwa na gari na mama yake akaacha kazi, kwamba uuguzi wa nyumbani una thamani ya fedha hata kama mama hakumtoza mtoto wake. Wakili wetu anaweza kulitaja mbele ya hakimu. Basi amwambie wakili tarehe alipoacha kuuza na alipoanza tena.

Asiyeridhika na kiasi hukata rufani, lakini asitegemee kwamba majaji watapanga upya kwa kuwa tu wao wangetoa zaidi. Kanuni yake ilitokana na ajali ya Kanada. Mtu alikuwa akivuka barabara na mke wake, akagongwa na tramu, akafa. Shauri la mjane lilipanda mpaka baraza la Mfalme huko London, likaamuliwa mwaka 1951, na enzi zile rufani zetu za Afrika Mashariki nazo ziliishia huko huko. Ndiyo maana mjane yule angali anatajwa katika mahakama zetu. Walisema kwamba mahakama ya juu itagusa kiasi kile pale tu hakimu alipofuata kanuni yenye kosa, au kiasi kilipopita kiasi, kwa ukubwa au kwa udogo. Kwa hiyo shauri hushinda au hushindwa kule chini, siku ushahidi unapotolewa.

Na mashauri mengi hayafiki hata huko. Kabla ya kusikilizwa, mahakama huzikalisha pande mbili katika usuluhishi. Mkipatana kwa haki, patana upesi. Sheria haikatazi mapatano. Hata yale ya hospitali siku ya tatu hayakukatazwa. Ila siku ya tatu daktari mwenyewe hajui kama mguu utaunga. Mtu akija na msaada wa matibabu, pokeeni kwa shukrani, lakini karatasi iseme hivyo: ni msaada wa matibabu, si malipo ya mwisho. Ukisha tia dole gumba kwamba huna madai tena, hakimu atakuuliza kwa nini ulitia, na jibu la "nilikuwa na shida" halitoshi sikuzote.

Jihadharini pia na vishoka. Hao ni watu wanaozunguka wodi za hospitali wakijiita mawakili, wanawatia sahihi wagonjwa, kisha wanachukua nusu ya fidia au yote. Wakili wa kweli ana ofisi na leseni. Asiye na fedha ya wakili aulize wilayani habari za wasaidizi wa kisheria. Iko Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inayohusu mambo hayo. Wala Kiingereza kisiwatishe, maana tangu mwaka 2021 sheria imetamka kwamba Kiswahili ndicho lugha ya mahakama.

Nimeacha mwisho lile ambalo mama aliliuliza kwa sauti ya chini.

"Padre, mume wangu amekwisha kumsamehe yule dereva. Alikuja nyumbani, akalia, wakapeana mikono. Sasa tukienda kudai, hatutakuwa tumeuvunja msamaha?"

Nilikaa kimya kwanza. Nalijua swali hili, kwa kuwa wengi wa wale wanaokaa nyumbani na vilema vyao hawakukosa haki kwa kukosa wakili. Walidhani kudai ni dhambi. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2487, inafundisha kwamba anayekosa juu ya haki na ukweli ana wajibu wa kufidia, hata kama amekwisha kusamehewa. Na namba 2290 inasema kwamba wanaohatarisha watu barabarani kwa ulevi au kwa kupenda mwendo wa kasi wana hatia kubwa. Kusamehe ni kuondoa chuki moyoni. Mume wako ameondoa chuki, na Mungu ambariki. Lakini ada ya shule ya watoto wanne si chuki. Ilikuwa inatoka katika mguu ule. Tena yule dereva maskini hataulizwa fedha hizo ikiwa lori lilikuwa na bima; kampuni ililipwa mapema kwa ajili ya siku kama hiyo.

Dhambi ingekuwapo, Mama, kama mngeongeza. Kuna watu wanaotembea kwa magongo mpaka mlangoni mwa mahakama, na jioni wanacheza ngoma. Kuna mashahidi walioona ajali wakiwa wilaya nyingine. Ukisema shamba ni ekari sita na Mtendaji akasema tatu, hakimu hatakuamini hata juu ya paja.

"Ajali ilitokea lini?" nikamwuliza.

Akataja mwezi. Tukahesabu kwa vidole, pale chini ya mwembe. Sheria inatoa miaka mitatu kwa madai ya namna hii tangu siku ya kuumia. Mtoto mdogo yeye muda wake husubiri mpaka awe mtu mzima, lakini mtu mzima hasubiriwi. Miaka miwili na miezi mitano ilikuwa imekwisha kupita. Imebaki miezi saba.

Tukaipanga bahasha upya juu ya benchi. Risiti upande mmoja. Cheti cha kutoka hospitali. Ile karatasi isiyotiwa dole gumba, nayo tukaiweka, kwa kuwa inaonyesha kwamba mwenye lori alikuja mwenyewe na kujua habari. Zilikosekana nakala ya PF3, mchoro wa polisi wa mahali pa ajali, ripoti ya mkaguzi wa magari, nakala ya hukumu ya jinai, na stakabadhi za kahawa za miaka mitatu. Nikaziandika nyuma ya tangazo la ndoa, maana sikuwa na karatasi nyingine.

Jumatatu alfajiri nilipokuwa nikienda kugonga kengele nilimwona amesimama barabarani, kanga mbili na bahasha, anasubiri gari la kwanza la wilayani. Mume wake alikuwa amekaa kando juu ya jiwe, magongo yake mapajani. Nikamwuliza kwa nini naye ameamka mapema hivyo.

"Padre," akasema, "polisi wanauliza mwenye mguu. Nimeona niupeleke mwenyewe."